Jembe Lililowekwa Chini

Ufuta unaokauka juani una harufu ya mafuta na vumbi, na kila ninapoikuta sokoni Kilosa narudi Ulaya, si ya Wazungu bali ile ya huko huko Kilosa, msimu ule wa Ujamaa tulipohamishwa kutoka mashambani kwenda kijiji kipya. Nilikuwa na miaka minane. Siku zilipita taratibu kama moshi usio na upepo. Watu wazima walipima viwanja kwa kamba za katani, nasi watoto tulilala juu ya marundo ya nyasi za kuezekea, tukisikiliza majina yakiitwa.

Kwetu mwenye neno zito mkutanoni hakupayuka. Aliweka jembe lake chini katikati ya watu, akasema, akaketi. Jembe lilikaa pale mpaka neno lijibiwe. Likiokotwa na yeye au mtu wa nyumba yake kabla ya jibu, ameliacha neno lake.

Sisi tulipewa kiwanja cha bondeni. Mama akaweka jembe.

“Ndugu Mwenyekiti, pale mto hupita. Chimba urefu wa mkono tu, utakuta maganda ya konokono wa mtoni.”

“Mama Zaituni, mto uko kule. Au umekuambia nao unahama?”

Watu wakacheka.

“Tumehama sisi wenye vyungu na kuku, mto utashindwa nini? Maji hufuata mkondo.” Akaketi.

Kicheko kikageuka minong’ono. Mwenyekiti akakuna kidevu, akaagiza sururu iletwe wakachimbe. Katika kuisubiri, nikaliona jembe la mama limelala juani. Alinifunza mwenyewe kwamba jua hupasua mpini. Nikakimbia, nikaliokota, nikalipeleka kivulini, kifua mbele.

“Mtoto wa nyumba kaokota,” mtu akaguna.

“Basi,” alisema mwenyekiti, kama aliyetuliwa mzigo. “Neno limekwisha.”

Mama hakunichapa. “Umelitunza jembe, mwanangu,” alisema tu.

Masika yaliyofuata mto ulipita ndani ya nyumba yetu, ukaondoka na ufuta wote. Tukahamia Magomeni kwa mjomba.

Miaka mingi baadaye, chuo kikuu, mwalimu alitueleza kwamba neno tasnifu lina asili ya Kiarabu, lenye maana ya kupanga vitu kwa aina zake. Wazungu, akasema, wana neno lao, thesis, walilorithi kwa Wagiriki wa kale: kuweka kitu mahali. Wenzangu waliandika. Mimi nilinusa ufuta.

Niliandika tasnifu yangu, kurasa mia tatu. Siku ya kuzitetea, kwenye swali la tatu tu, nikawaambia wakubwa walionitahini, “Huenda mko sahihi.” Shahada walinipa, lakini nilikuwa nimeliokota tena jembe.

Juzi nilimpelekea mama kitabu hicho, jalada jeusi, herufi za dhahabu. Haoni vizuri siku hizi.

“Kiweke chini,” alisema.

Nikakiweka mkekani. Kilikuwa na vumbi la safari. Nikanyoosha mkono nikipanguse.

“Kiache, Zaituni.”

Nikakiacha.