Kanuni Ilipopiga Hodi

Mnaotaka kucheka, chekeni sasa mmalize, maana mie haya nshayaeleza mpaka nimechoka. Sikuota, wala sikuwa na homa. Nlikuwa nshatawadha, nnasubiri adhana ya Magharibi.

Binti yangu Zuhura anapiga kanuni, ile ala ya nyuzi tele inayolazwa mapajani. Vijana fulani wakatengeneza filamu ya kuwajulisha watoto ala za nyuzi, na Zuhura yumo. Siku hiyo tukafuatana nao kwenda kuionesha skuli moja Kizimbani, na yeye kachukua kanuni yake awapigie watoto. Nkawaambia waanze Alasiri. Wapi! Mara waya, mara spika, mpaka jua linazama.

"Nyie, magharibi hii. Acheni mpaka kesho."

"Mama Zuhura nawe! Kidogo tu."

Filamu yenyewe inaanza na kanuni, kwenye shuka walolitundika ukutani, inasema, "Hodi!" Watoto wajibu, "Karibu!" Hebu nambieni, nani anafundisha watoto kukaribisha wasichokijua, saa hiyo, mlango wazi? Na mie, ulimi ulivyozoea, nkajibu kuwashinda wote.

Akaingia mwanamke wa buibui. Akapita mbele ya projekta, mwangani kabisa. Kila apitaye pale kivuli chake huziba picha. Yeye, wallahi, picha haikukatika hata chembe.

Akenda moja kwa moja kwa Zuhura. "Mwanangu, twende kwangu ukanipigie."

Zuhura, macho yamemganda, akaanza kukusanya kanuni yake. Nkamkamata mkono.

"Haendi!"

"Si wewe uliyenikaribisha, Bi?"

"Nlikukaribisha ukae, sikukupa mwana!"

Nkasoma Ayatul Kursiy kwa sauti mpaka ikaadhiniwa. Kutazama, hayupo. Na wale vijana wananambia nini? "Mama Zuhura, umetuharibia filamu." Loo!

Zuhura mzima, alhamdulillah. Lakini tangu siku ile, kila jua likizama, uzi mmoja wa kanuni hulia wenyewe ndani ya mfuko, kisha mlangoni, kwa sauti ya yule mwanamke: "Hodi." Sijibu. Sasa simjibu mtu yeyote. Mama mkwe kasimama nje mvua inamnyeshea, kaniita jeuri. Haya, jeuri. Juzi mume wangu, kakaa zake na simu, ikapigwa hodi, mdomo ukamponyoka: "Ka..." Nkamziba kwa kiganja kimejaa unga wa chapati.

Basi na nyie, filamu ikikupigieni hodi, nyamazeni. Najua si adabu. Nyamazeni tu, kisha washikeni wanenu.