Ng'ombe Waliokuwa kwa Mjomba

Afisa mikopo wa benki ya ushirika alifika kwa mjomba wangu, nje kidogo ya Gulwe, akiwa juu ya bodaboda, miguuni viatu ambavyo havijawahi kukanyaga samadi. Alisimama nje ya zizi, akahesabu ng'ombe kwa kidole, akapiga picha mbili kwa simu, akaondoka. Hakuuliza ng'ombe ni wa nani. Na si kwamba alikuwa mgeni. Amezaliwa Kongwa, na sina shaka baba yake mwenyewe ana ng'ombe kwenye mazizi ya watu. Mtoto yeyote wa kwetu anajua kwamba ng'ombe walio kwa mtu si lazima wawe wake. Tunawawekesha kwa ndugu na marafiki, ili ukame au ugonjwa ukipita upande mmoja usitumalize. Mwenye zizi anakunywa maziwa na kuchukua samadi, lakini ng'ombe wanabaki kuwa wa mwenyewe. Afisa alilijua hilo vizuri. Alitaka tu faili lijae, na likajaa.

Saba kati ya ng'ombe aliowahesabu walikuwa wetu. Mama alituachia: wanne wangu, watatu wa mdogo wangu wa kike, anayeuza mtama na karanga soko la Majengo, mjini Dodoma. Mimi nina mshahara wa serikali na nyumba yenye bati. Yeye aliachwa na mume, anapanga chumba kimoja, na hao watatu ndio kitu pekee alichoweza kukiita chake.

Kwa mkopo huo mjomba alinunua mashine ya kukamua alizeti. Ikakamua msimu mmoja, ikafa. Naye akafanya kile wanachofanya watu wa aina yake, akazima simu. Benki ikaenda mahakamani ikashinda bila jasho, na dalali wa mahakama akabandika tangazo kwenye ofisi ya kijiji kwamba ng'ombe wote wa zizi lile watapigwa mnada.

Nilimfuata mjomba hukohuko. Nilimpa shikamoo yake, na baada ya hapo sikumpa heshima nyingine yoyote. Nilimuuliza alipata wapi ujasiri wa kuweka rehani ng'ombe wa marehemu dada yake.

"Mimi nilionyesha zizi, mwanangu," alisema. "Aliyehesabu ni yeye."

Mdogo wangu aliposikia, hakulia wala hakumtukana mtu. Alisema, "Kaka, wewe umesoma. Simama kwa ajili yetu wote wawili." Nikafungua pingamizi kwa jina langu peke yangu, nikidai ng'ombe wote saba, kwa sababu yeye asingeweza kufunga biashara kila shauri linapoahirishwa. Na liliahirishwa kweli. Leo hakimu yuko likizo, kesho faili halionekani, keshokutwa wakili wa benki yuko semina. Wakili mwenyewe alikuwa mtu wa kujipulizia manukato mpaka karani anapiga chafya, na kila alipotaka kusema ng'ombe alisema "mifugo tajwa". Nilimdharau kwa raha zangu zote, nauli ya kwenda mahakamani Mpwapwa ikinitoka mfukoni.

Siku ya ushahidi nilitegemea mjomba atakana kwamba ng'ombe ni wetu. Hakufanya hivyo. Alisimama na koti lake lililopauka, akasema ng'ombe saba ni wa watoto wa dada yake, akataja rangi ya kila mmoja na mama aliyemzaa. Hakimu akamuuliza kama anajua kwamba kuweka rehani mali ya watu kunaweza kumpeleka jela. Akasema anajua. Hata hapo sikumsamehe. Niliona tu kwamba tumeshinda.

Ndipo wakili akaomba kuniuliza maswali mawili, mkononi ana karatasi.

Mimi nami niliwahi kukopa benki hiyohiyo, tawi la mjini Dodoma, nikaezekea nyumba. Nilipozidiwa na marejesho niliwaomba wanipunguzie, wakanipa fomu ya kuorodhesha mali zangu. Kwenye mstari wa mifugo niliandika "hakuna". Sikusita hata kidogo, maana nani angepanda gari mpaka Gulwe kunitafutia ng'ombe? Wakanipunguzia, nami nilitoka pale nikiwaona wajinga wakubwa.

"Hii ni sahihi yako?" wakili aliuliza.

"Ni yangu."

"Siku unaiweka, hao ng'ombe saba walikuwa wapi?"

Nilimtazama mjomba. Alikuwa ameinamisha kichwa, na niliona wazi kwamba anaona aibu kwa niaba yangu. Nilibabaika na maneno kuhusu mila za kwetu na ugumu wa fomu. Hakimu hakuyaandika yote. Pingamizi likatupwa, na mnada ulipofanyika ng'ombe wakapandishwa kwenye lori, wa kwangu na wa mdogo wangu pamoja.

Nilikwenda Majengo kumpa habari. Alikuwa akimpimia mteja mtama. Nilimsimulia yote, fomu ikiwemo, kwa sababu nilijua mjomba angemsimulia kama nisingesema mimi.

"Na wale watatu wangu?" aliuliza. "Nao uliandika hawapo?"

Nilimwambia fomu haikuwa na sehemu ya kuuliza ng'ombe ni wa nani. Niliyasema hayo kwa mdomo wangu mwenyewe, na nilipoyasikia nilitamani kuyarudisha.

"Sawa, kaka," alisema, akamfungia mteja mfuko wake.