Bibi Harusi wa Kila Jioni

Asubuhi mama mkwe alikuwa mtu na akili zake. Alikunywa chai, akawacheka majirani, akamsema mkazamwana kwa kufagia kama anayefukuza kuku. Lakini jua likianza kuinama na vivuli kutambaa ukutani, macho yalimbadilika. Alijivika utepe wa kupimia shingoni, akachukua mkasi, akashika njia. Maisha yake yote alikuwa fundi cherehani, na kila jioni palikuwa na bibi harusi anayemsubiri dukani. Duka lenyewe siku hizi linauza simu.

Wiki iliyopita walimkuta katikati ya barabara kuu, malori yakimpigia honi. Mwanawe akaapa: akitoka tena, atafungiwa chumbani kwa kufuli. Mkazamwana aliumia. Mtu hafungiwi kama mbuzi, hata akiwa mama mkwe.

Leo jioni, mama aliposhika njia tena, mkazamwana alianza na ukweli, kama kawaida. "Mama, duka halipo tena. Hapa ndipo nyumbani."

"Nyumbani kwa nani? Na wewe ni nani? Nipishe, binti wa watu ananingoja!"

Ukweli ulikuwa unamtonesha kidonda tu. Mkono wa mama ulishafika kwenye kitasa cha mlango. Basi mkazamwana akawasha taa zote, akajifunga shuka la kitanda, akavuta kigoda, akapanda juu.

"Si mimi ndiye bibi harusi unayemfuata? Nimeona nisikusumbue, nimekuja mwenyewe."

Mama akamtazama toka kisigino hadi utosi, akaachia kitasa. "Umechelewa. Na umenenepa. Simama wima!"

Vidole vilivyosahau majina ya wajukuu vilikunja lile shuka, vikabana pini, vikapima kiuno. Mkazamwana alisimama wima kama alivyoamriwa. Siku ya harusi yake ya kweli, mama huyu alikataa kumshonea hata kifungo, akisema mwanawe hana macho ya kuchagua mke.

Mlango ukafunguka. Mume akaingia, kufuli jipya mkononi.

"Huyu ndiye mchumba wako?" mama akamuuliza mkazamwana.

"Ndiye, mama," mkazamwana akajibu.

"Kijana, weka hilo dude chini, ushike pindo."

Mume akamtazama mkewe kigodani, akamtazama mama yake anayetabasamu. Akatia kufuli mfukoni, akapiga magoti, akashika pindo.

"Na umuoe haraka," mama akasema, pini mdomoni. "Ukizubaa, mimi nina mwanangu. Binti kama huyu nitamwozesha yeye."