Uji Niliouonja Kwanza Mabamba

Siku yangu ya kwanza katika kituo cha afya cha Mabamba, karibu na mpaka wa Burundi, sikuzalisha mtu. Bibi mmoja aliyemleta mkamwana wake mwenye uchungu alisoma jina langu la Kirundi kifuani, akabetua mdomo. "Mkimbizi huyu asimshike mke wa mwanangu. Hawa wanatia watu sumu."

Nilikuwa mkunga mwenye cheti, na raia kama yeye. Waliokimbia Burundi ni wazazi wangu. Niliumia sana. Nikarudisha mfukoni fetoskopu, kile kijitarumbeta cha kusikilizia moyo wa mtoto tumboni, mwenzangu akaingia badala yangu.

Mganga Mfawidhi, mkuu wa kituo, mtu wa Tanga mwenye huruma ila mwoga wa maneno, aliniita. "Sista, uraia unao. Mambo ya Kirundi yaache nyumbani. Wakizidi kukukataa, nitaomba uhamishiwe stoo ya dawa."

Stoo! Mkunga mzima nikapange maboksi?

Asubuhi yake mvua ilikuwa imekata njia, chakula cha yule mkamwana, sasa mzazi, hakikufika. Kwetu mzazi hulishwa na majirani, tunaita guhemba. Nikapika uji wa ulezi, nikampelekea. Bibi akakikodolea macho kikombe. Bila kufikiri nikafanya kama nilivyolelewa: nikanywa funda moja mbele yao, ndipo nikampa mzazi.

"We mwana," bibi akasema, "gusogongera kakufundisha nani?" Ndiyo desturi hiyo, mtoaji kuonja kwanza ili mgeni asiogope. Bibi alikuwa Muha, na Kiha na Kirundi husikilizana.

"Mama yangu, bibi."

"Na mimi mama yangu. Wakamwana wa siku hizi wanakupa tu, ukifa ufe!" Akacheka, akadai kikombe chake.

Hakuniomba radhi. Lakini mimba iliyofuata alimleta tena mkamwana, akanitaka mimi kwa jina, na akalitamka vizuri kuliko Mganga Mfawidhi. Habari ya stoo ikafa.

Baadaye nilihamishiwa Kasulu, nikazalisha hadi mgongo ukagoma. Wanaoniita mkimbizi wapo mpaka leo, na neno hilo bado linachoma. Hata hivyo, wajukuu zangu, mtu akiwataka mfiche mlikotoka ndipo awapokee, msikubali haraka.

Siku ya kuagwa kazini nilitoa shukrani zangu kwa Kirundi, mwanzo hadi mwisho. Kina mama wa Kiha walicheka, wakalia, wakapiga vigelegele. Waliohitaji mkalimani ni maofisa tu, waliotoka mikoa mingine.