Mtalii wa Nne

Mimi ni mtu wa kucheka ovyo. Mama yangu analijua hilo tangu niko mgongoni, ndiyo maana siku aliponipigia simu kuniambia nitakuwa mtalii, sharti la kwanza lilikuwa nisicheke. La pili, nije na kofia.

Nilikuwa dukani kwangu hapa Same, nakata kitenge cha mteja, simu nimeibana begani. Mama alikuwa amestaafu ualimu na baba alikwisha kututangulia, kwa hiyo kule nyumbani, kwenye milima ya juu ya Kisiwani, alibaki yeye na kuku wake. Mwanamke aliyezoea kusema mbele ya darasa zima sasa alikuwa anawasemesha kuku. Nilimsikia kwa masikio yangu likizo moja, anawaambia wasisukumane, kila mmoja atafikiwa. Nilicheka mpaka nikashika mlango, lakini njia nzima ya kurudi mjini roho iliniuma.

Sasa kijiji chetu kina magofu. Kuna kuta za boma la chifu wa zamani, kuna uwanja lilipokuwa gulio kabla Wazungu hawajaja, kuna mahali pa wafua vyuma, na kuna mabwawa ya mawe ambayo bado yanatumika. Mama anapaita Mji wa Kale. Mtu mwingine angepaita kichakani. Wilaya ilikuwa imeamua kwamba wageni waanze kutembezwa pale kwa miguu, na kijiji kiwe na mwongozaji mmoja mwenye kitambulisho. Afisa utamaduni angepanda kuja kutembea njia nzima na mwombaji, na akiridhika angetia saini. Asiporidhika, kazi ingekwenda kwa vijana fulani wa Mwanga ambao tayari walikuwa na fulana zenye maandishi.

Mama alikitaka kile kitambulisho kama mtoto anavyotaka viatu vya sikukuu. Alikwisha kushona na kamba ya kukivaa shingoni.

Tatizo lilikuwa sharti moja la fomu: lazima wawepo wageni wanne ambao hawajawahi kusikia maelezo ya njia hiyo. Watatu walipatikana bila shida. Wifi yangu, anayelima mpunga kule Bendera, alikuja na jirani zake wawili, mtu na mkewe, watu wa Kigoma waliokuja kufanya kazi kwenye shamba la mkonge. Wa nne alikuwa mama mmoja mwenye duka la viungo karibu na stendi ya Same, lakini jioni ya kuamkia matembezi akapata msiba. Ndipo mama akanipigia mimi.

"Sitaki kumdanganya mtoto wa watu," alisema, akimaanisha yule afisa.

"Hatudanganyi, mama. Tunanyamaza tu."

Akaniuliza kama kofia ninayo.

Nilikuwa nayo ya mume wangu, ya majani makavu, pana kama ungo. Nikavaa na miwani ya jua na raba, nikajining'iniza kamera iliyokufa zamani. Nilipofika juu asubuhi wifi yangu aliniangalia, akageuka upande wa pili, mabega yakawa yanamtetemeka. Mimi nikajiuma ulimi. Afisa alikuwa binti mdogo tu, mpole, na faili kubwa na viatu vyeupe ambavyo nilivionea huruma palepale. Alimwamkia mama shikamoo kwa kupiga goti kidogo, mama akaitikia marahaba, na tukapangwa mstari. Ndiyo, mstari. Mfupi mbele, mrefu nyuma.

Lakini jamani, mama yangu alikuwa mzuri. Alisimama mbele ya ukuta ambao mimi utotoni nilikuwa naurukia nikicheza, akaushika kwa kiganja, akasema hapa palikuwa na lango, na mgeni akifika alikuwa haulizwi jina, anaulizwa kwanza amekula nini. Yule mzee wa Kigoma akauliza kama walikuwa wanakula samaki. Mama akasema swali zuri. Kila swali lilikuwa zuri. Hata wifi alipouliza choo kiko wapi, aliambiwa ni swali zuri.

Shida ilianzia kwenye gulio la zamani. Bibi mmoja alikuwa anashuka na furushi la tangawizi kichwani, akaniona, akasimama katikati ya njia. Akaanza kunisalimia kwa Chasu, lugha yetu, na sisi Wapare salamu si kitu cha kumaliza haraka. Akauliza mume, akauliza watoto mmojammoja, akauliza lile jino langu lilikuwaje. Nami ni mtalii, sijui Chasu. Nikabaki natabasamu chini ya ungo wangu kama niliyepigwa na jua. Bibi akamgeukia mama akamuuliza, safari hii kwa Kiswahili, "Mwalimu, huyu naye kapatwa na nini?"

Afisa akainua kalamu.

"Watu wetu ni wakarimu," mama akasema, sauti haikutikisika. "Humsalimia kila mgeni kama mtoto wao."

Afisa akaandika. Nikatembea hatua kama hamsini nimejifunika mdomo na kamera, machozi yananitoka kwa kicheko, na nyuma yangu nilisikia wifi anajikohoza kikohozi ambacho si cha kifua. Tulipopita kwa wafua vyuma mtu akaniita kutoka shambani, nichukue ndizi nizipeleke mjini. Nikakaza mwendo. Nilikuwa na furaha ya kijinga kabisa, ile ya mtoto aliyejificha nyuma ya pazia na miguu inaonekana.

Halafu tukasikia baragumu.

Mtu wa kwetu akisikia pembe ile inapulizwa asubuhi anajua ni msaragambo, kazi ya wote. Leo ilikuwa zamu ya kusafisha ndiva, lile bwawa la mawe linalojazwa maji usiku ili mchana yashuke mashambani. Mama alikuwa amepanga siku yake kwa hesabu zote isipokuwa hiyo. Tope linazolewa, mawe yaliyobomoka yanarudishwa, na sheria yake ni moja, ya tangu na tangu: mwenyeji hapiti pembeni ya msaragambo mikono mitupu. Na njia yetu ilipita ukingoni kabisa mwa bwawa.

Walikuwepo kama watu arobaini, wamezama matopeni hadi magotini. Msimamizi wao, baba mmoja mwenye sauti ya kengele ambaye nilisoma na mdogo wake, akasimama akatutazama. Akatazama viatu vya afisa, akatazama watu wa Kigoma. Kisha macho yake yakaja kutua kwenye kofia.

"Wageni karibuni, piteni tu," akasema. "Binti wa Mwalimu, karai lile pale."

Bwawa zima likacheka. Mtu akasema kumbe mjini siku hizi wanavaa ungo. Mwingine akauliza hiyo kamera inapiga au inasindikiza. Mimi nami, Mungu anisamehe, nikaangua kicheko nilichokuwa nimekibana tangu asubuhi, kikatoka chote kwa mara moja, mpaka nilipomwona mama. Mama alikuwa hacheki. Alikuwa ameshika ile kamba ya shingoni, tupu, haijafungwa kitu.

Afisa akafunga faili polepole.

"Ni mwanangu," mama akamwambia. "Wa kumzaa. Mgeni wa nne kafiwa, nami nikaogopa utaniahirisha, na ukiniahirisha wale vijana watachukua nafasi. Nimekukosea."

"Mwalimu, mimi umenifurahisha," afisa akasema, na alionekana kweli anaumia. "Ila fomu inataka wanne. Ninao watatu. Nitatia saini wapi?"

"Basi andika ulichokiona," mama akasema. Akavua viatu, akavipanga pamoja, akapandisha kitenge na kukifunga kiunoni, akaingia matopeni. Hakuwa amekasirika wala hakuwa analia. Alikuwa mwenyeji aliyekuta msaragambo.

Nikaitupa kofia nikamfuata. Nilikuwa nimejisikia vibaya kiasi cha kwamba hata ubaridi wa lile tope niliona unanistahili. Nyuma yangu wifi naye akaingia, na mzee wa Kigoma akakunja suruali akisema yeye maji ndiyo kwao. Mkewe akabaki ukingoni anapokea mawe. Ikapita dakika nzima mama hajasema neno, na mimi sijawahi kumwona mama akimaliza dakika nzima.

Kisha yule mzee wa Kigoma, ambaye hakujua kuwa mambo yamekwisha haribika, au labda alijua sana, akauliza kwa nini mawe ya pale kwenye tundu la kutolea maji hayafanani na mengine.

Mama akageuka. Nikaona shingo yake inanyooka.

"Swali zuri," akasema.

Akasema ukuta ule uliwahi kupasuka pale pale, mwaka wa njaa, bwawa limejaa na mashamba yote ya chini yanalisubiri. Wanaume walikuwa mbali wanatafuta mawe makubwa. Waliokuwepo ni wanawake watatu, ndugu, walikuwa wamekuja kuchota tu. Wakajaza udongo, maji yakausukuma. Wakajaza migomba, maji yakaing'oa. Basi wakaziba kwa kukaa.

"Kwa kukaa vipi?" akauliza mzee wa Kigoma.

"Kwa kukaa," mama akasema. "Watatu, bega kwa bega, ndani ya ufa. Mpaka wanaume wakarudi."

Mzee akasema bado haoni vizuri ilikuwaje. Basi mama yangu, mwalimu mstaafu, mjane, mzee wa kanisa, akarudi kinyumenyume mpaka kwenye lile tundu, akakaa. Akajikandamiza humo ndani, tope hadi kiunoni, mikono ameinua juu kama anayebebwa, akaeleza akiwa humohumo jinsi yule wa katikati alivyokuwa anawasimulia wenzake vichekesho ili wasiinuke. Akavisimulia. Vilikuwa vya aibu kidogo. Nikatazama nikaona makoleo yamesimama, watu wote wamemgeukia, wengine wanapangusa macho kwa viganja vya tope na kuzidi kujichafua. Msimamizi akapaza sauti kwamba Mwalimu anasimamisha kazi ya umma, kisha yeye mwenyewe akauliza, je, huyo wa katikati alikuwa wa ukoo gani.

"Bibi yangu," mama akasema. "Mzaa mama. Mtoto wake wa mwisho alizaliwa mwezi uleule, akampa jina la maji."

Nilikuwa nimeshika karai limejaa na sikusikia uzito wake. Bibi yake mama. Mimi nimezaliwa mita chache kutoka pale. Nimeoga maji yale, nimeyanywa, nimechapwa kwa kuyachezea, na nilikuwa najua bei ya kila kitenge kinachoingia Same lakini sikujua kwamba mama wa bibi yangu aliwahi kukaa ndani ya ukuta akichekesha watu ili kijiji kisife njaa. Nikajiuliza mama hakuniambia kwa nini, na jibu likaja kabla swali halijaisha, maana nilisikia sauti yangu mwenyewe: baadaye, mama, nina mteja. Baadaye, mama, ngoja nimalizie simu hii. Ni mimi niliyemwachia kuku.

Afisa alikuwa ameketi ukingoni, na vile viatu vyeupe vilikuwa havitazamiki tena. Alikuwa amecheka mpaka amekuwa mtoto. Akafungua faili, akanitazama mimi.

"Dada, nisaidie," akasema. "Na uniambie kweli, maana nitaiandika. Wewe ni mtoto wake, umekulia hapa. Haya ya leo, ya lango, ya gulio, ya wale wanawake. Uliwahi kuyasikia?"

Mama aliniangalia kutoka kwenye lile tundu. Ningesema niliyasikia, ningekuwa binti mwema mbele ya kijiji kizima, na mama angerudi kwa kuku wake.

"Sijawahi," nikasema. "Hata moja."

Hakuna aliyecheka. Uso ulinichoma, na nilimwona bibi mmoja akitikisa kichwa kunisikitikia. Afisa akainama akaandika jina langu kwenye nafasi ya mgeni wa nne, akaligeuza faili kwenye goti, akatia saini. Nilikuwa bado naogopa kumtazama mama. Nilimsikia tu anajikwamua kutoka ukutani, tope likimwachia kwa mlio, akaja mpaka niliposimama, akanipokea karai.

"Basi sogea mbele," akaniambia. "Huko nyuma husikii vizuri."