Nilivyomchagua Mke Wangu Kwenye Mchezo wa Gololi

Mimi nilikuwa nikitamba kwamba hakuna kitu duniani kinachoweza kunishangaza. Nimeishi Doha miaka kumi na minane, jamani! Nimeona mwewe ana pasipoti yake, na ndani ya ndege amekalishwa vizuri kuliko nilivyokaa mimi siku ya kwanza nikija. Nimeona mtu analipa pesa ya shamba zima kwa sababu ya nambari ya gari. Gari lenyewe bado hajanunua! Kwa hiyo nikasema, mimi? Kunishangaza mimi? Thubutu!

Basi nimeshangazwa. Na aliyenishangaza ni mimi mwenyewe, ndiyo maana naandika. Kosa ni langu lote, sitafuti mtu wa kumgawia kipande.

Jina langu liacheni. Madereva wangu wakilisoma hapa watacheka mpaka wagonge magari, na magari ni yangu.

Niliishia darasa la saba. Nilikuja huku kama askari wa mlangoni, hoteli moja kule West Bay, kazi ni kusimama tu tangu asubuhi mpaka miguu ivimbe. Leo nina kampuni ya kubeba wageni. Wale wanaoishi The Pearl, wenye mashua chini ya dirisha, wakitaka kwenda uwanja wa ndege wananipigia mimi. Sijasoma, lakini waliosoma nimewaajiri.

Isipokuwa mmoja. Huyo sikumwajiri, nilimwoa. Nitamwita Rozi, ingawa si jina lake. Rozi ni nesi wa watoto wachanga, ana diploma, na marafiki zake ni Wakenya wa hospitali na wa ofisini, Kiingereza kinawatoka kama maji ya mfereji. Nikiingia kati yao mimi huongea kwa sauti kubwa, ili wasigundue kwamba sina la kusema. Hilo sijawahi kumwambia mtu, nakuambia wewe.

Sasa, mkataba wa Rozi ulikuwa unaisha. Watoto wetu wako Bungoma kwa mama yake. Jioni moja tumekaa ndani ya gari tunakunywa chai ya karak, ile nzito ya maziwa na iliki, akaniambia, "Baba Deno, wameniuliza kama naongeza miaka miwili ama narudi nyumbani. Wanataka jibu Jumapili."

"Si uongeze! Kwani hilo ni swali?"

"Ni swali. Hapa naishi na wewe, ama naishi na mdomo wako? Watu wakiwepo, mimi huwa sipo. Nikibaki Doha nitabaki kwa sababu yako. Kwa hivyo nipe sababu."

Nikamwambia, mama, ngoja Ijumaa. Ijumaa utaipata hiyo sababu!

Ijumaa ilikuwa siku ya familia ya Wakenya, ufuoni Al Wakrah, karibu na kwangu. Na kamati, hao hao wa diploma, walikuwa wameamua tucheze michezo ya ile tamthilia ya Wakorea. Mnaijua. Watu wamevaa suti za mazoezi za kijani, wanacheza michezo ya watoto, na anayeshindwa anapigwa risasi. Sisi risasi hatukuwa nazo, Qatar haina utani huo. Ukitolewa unaenda kukaa kwa mkeka na kula sambusa. Mshindi anapata tiketi ya Nairobi, kwenda na kurudi.

Tiketi mimi naweza kununua nikipiga chafya. Lakini kuwashinda wenye diploma mchana kweupe! Hiyo haiuzwi.

Niliitazama tamthilia yote, nikarudia, nikarudia tena. Wiki nzima nilikuwa natuma sauti kwenye grupu yetu ya simu: "Kocha anasema, kwenye sukari chagueni pembetatu! Kocha anasema, kwenye kamba mwenye nguvu akae nyuma!" Rozi hakuitazama hata kidogo. Alikuwa zamu ya usiku, akirudi ni kulala.

Mchezo wa kwanza, taa nyekundu na taa ya kijani. Mwitaji akikupa kisogo unakimbia, akigeuka unaganda. Ukitikisika umetoka. Mbinu ni kutokuwa na haraka, na kujificha nyuma ya mtu mkubwa. Nikajibanza nyuma ya Ssalongo, askari Mganda, baba wa mapacha, mgongo wake ni kama mlango wa friji.

"Ssebo," yaani bwana kwa Kiganda, akanong'ona bila kusogeza mdomo, "wewe unanipumulia kwa shingo."

"Nyamaza, utatutoa!"

"Umekula samaki, ssebo."

Waliosoma wengi walitolewa pale kama mbu. Mmoja wa kompyuta aliganda mguu mmoja juu kama korongo, akaanguka kifudifudi. Lakini askari? Hakuna aliyetikisika! Inzi alitua puani kwa mmoja, akatembea mpaka kwenye sikio, jamaa hakupepesa. Hiyo ndiyo kazi inayomlipa mshahara.

Mchezo wa pili, sukari. Wanaichoma na magadi, wanaimwaga iwe kama biskuti nyembamba, wanaigonga umbo. Wewe na pini unatoa umbo bila kulivunja. Mbinu ni kulamba nyuma, sukari iyeyuke. Nikalamba! Nililamba kama ndama amepata chumvi.

Tatizo ni kwamba mimi nina ugonjwa wa sukari.

"Baba Deno!" nikasikia kutoka upande ule mwingine. Rozi alikuwa ameshamaliza nyota yake. Nyota, si pembetatu! Akaja mbio na chupa ya maji na kile kimashine chake cha kupima sukari, akanitoboa kidole mbele ya watu. "Unajua imefika ngapi? Tema hiyo kitu."

"Hii ni mbinu, mama."

"Mbinu ya kufa?"

Watu wakacheka. Nikamwambia, "Hebu niondokee, unaniaibisha." Mwanamke anaokoa macho yangu na figo zangu, mimi namwambia ananiaibisha! Akaniachia chupa, akaenda.

Kamba sitawachosha nayo. Tulivuta, tukashinda, kwa sababu Ssalongo alikuwa nyuma na huyo hata lori lingeomba msamaha.

Halafu ikaja gololi. Kwetu tulikuwa tunaziita banta.

Kijana wa kamati, nimwite Kelvo, akasimama juu ya kreti na kipaza sauti. "Haya! Kila mtu achague mwenzake mmoja. Yule unayemwamini zaidi. Sheria mnazijua, sina haja ya kurudia!"

Ufuo mzima ukaguna. Kwa nini? Kwa sababu kila aliyetazama tamthilia anajua. Watu wanachagua marafiki, wanadhani watacheza pamoja, kumbe wanaambiwa washindane wenyewe kwa wenyewe. Mmoja anakula gololi zote za mwenzake, mwenzake ndiyo kwaheri.

Sasa hapo ndipo ungeona mapenzi! Mume huku, mke kule, wanakimbiana kama wana deni. Pasta mmoja alimsukuma mkewe kabisa: "Nenda, mpenzi, nenda kwa wengine!" Watu wakatafuta maadui. Jamaa mmoja akaenda moja kwa moja kwa jirani anayemwibia maegesho, akamshika kola.

Mimi nikasimama nikapiga hesabu. Kocha ana mbinu. Mtu wa kuchagua ni yule asiyejua.

Nikatembea mpaka kwa Rozi, nikamshika mkono.

Akautazama ule mkono kwanza. Halafu akanitazama mimi. "Umenichagua mimi?"

"Kwani kuna mwingine?"

"Wooooi!" Ufuo ukalipuka. Ssalongo akashika kichwa. "Ssebo! Mke wako mwenyewe?"

Na Rozi akatabasamu. Alidhani wanatushangilia! Miaka yote ya ndoa sijawahi kumwona ametabasamu hivyo mbele ya watu, ameinamisha uso kama bibi harusi. Akaufunika mkono wangu kwa mikono yake miwili.

Wewe unayesoma, nilikuwa na nafasi pale. Sentensi moja tu! "Mama, huu mchezo ni wa kushindana mimi na wewe." Ingenigharimu nini?

Tukapewa gololi kumi kumi. Rozi akazitazama. "Sasa tunacheza na nani?"

Nikasema, "Ngoja, watakuja."

Uongo! Uongo mtupu, saa saba mchana, kwa mama wa watoto wangu!

"Basi shika na zangu," akasema, "gauni langu halina mfuko. Wewe ndiye fundi." Akanimiminia zote kiganjani. Moja ikaanguka mchangani, akainama, akaitafuta, akaifuta kwa upindo wa gauni, akaniwekea juu ya zile nyingine.

Nikainua mkono. "Kelvo! Ishirini!"

Kelvo akashuka kwenye kreti. Akatutazama kwa zamu, akahesabu. Sauti ikawa ndogo. "Haya. Mama Deno, pole. Umetoka."

"Nimetoka wapi?" Rozi akaniuliza, bado anacheka. "Baba Deno, si tumeshinda?"

"Mimi nimeshinda. Ni mchezo tu, mama."

Kicheko kikabaki usoni kidogo, halafu kikaondoka. Akageuka akawatazama wale watu, mmoja mmoja, marafiki zake wa hospitali. Wakawa wanatazama chini. Akaelewa kwamba kila mtu alijua kabla yake.

"Kwa hivyo zile kelele walikuwa wananihurumia."

Na mimi, mwanamume mzima, kocha, nikajibu nini? Nikajibu, "Si ungetazama tamthilia!"

Ai! Hata sasa nikikumbuka hayo maneno najikuna mwili.

Akavua fulana ya nambari ambayo kila mchezaji alivalishwa juu ya nguo zake, akaikunja vizuri kwenye mistari yake kama anavyokunja shuka za wodi, akaiweka juu ya kreti. Akaenda kukaa kwa mkeka. Sambusa hakugusa.

Fainali nilicheza na jamaa wa benki. Ni ule mchezo wa bahasha za karatasi nene. Unaipiga ya mwenzako kwa yako mpaka ipinduke. Wengi hupiga katikati kwa nguvu. Makosa! Unapiga ukingoni, upepo uingie chini. Nikaipindua. Nikashinda! Nikapewa tiketi, cheti na kipaza sauti, nikatoa hotuba ndefu kuhusu darasa la saba. Wakanipigia makofi yale ya kanisani, ya kumkaribisha mgeni ambaye hakuna anayemjua.

Kwenye gari nikamkabidhi Rozi tiketi kwa madaha. "Hii ni yako, mama. Umeona? Nilikuwa nakushindia wewe."

Akaichukua. "Asante," akasema. "Sasa umenipa sababu."

Mimi mjinga nikafurahi! Nilidhani yameisha, khalas. Jumapili akawajibu hospitali kwamba haongezi mkataba. Alitumia ile tiketi kwenda. Nusu ya kurudi haikutumika.

Nilikaa peke yangu Al Wakrah miezi mitatu. Nyumba kubwa, kiyoyozi kinavuma, mimi na kimashine cha kujitoboa. Nikimpigia simu anaongea vizuri tu, kwa adabu, kama anaongea na ndugu wa mgonjwa. Hiyo adabu ilinikata kuliko matusi. Nikafunga safari.

Kwao nilikalishwa kwenye kochi lenye vitambaa vilivyofumwa. Mama mkwe upande huu, mjomba wake Rozi, dereva wa lori mstaafu, upande ule. Nimekaa na majenerali kwenye gari langu, sijawahi kukaa wima hivyo.

"Mkwe," mjomba akaanza, "tumesikia mlikuwa mnacheza banta."

"Ndio, mjomba."

"Watu wazima."

"Ndio, mjomba."

"Huko kwa Waarabu."

"Ndio, lakini mchezo ni wa Wakorea."

Akamgeukia mama mkwe. "Wakorea wameingiaje hapa?"

Nikaeleza. Jaribuni siku moja kumweleza mjomba wa mkeo kuhusu suti za kijani! Nikaeleza sukari, nikaeleza kamba, nikaeleza gololi. Akasikiliza yote, amefumba macho.

"Na anayetolewa anapigwa risasi?"

"Kwa tivii, mjomba! Kwa tivii tu."

"Na katika watu wote waliokuwa pale," akafumbua macho, "wa kutolewa ukamchagua msichana wetu."

Sikuwa na mbinu.

Wakanipiga faini, na sikubishana. Ng'ombe mtamba kwa mama mkwe, mablanketi, na nauli za wajomba wengine ambao hata sikuwaona wakisafiri. Nikalipa yote. Ndipo Rozi akaingia na chai, yangu bila sukari, akakaa mbele yangu.

"Baba Deno, nimekusamehe. Nakuambia mbele yao, na inatoka moyoni."

Nikasimama nimkumbatie. "Basi funga mizigo, mama, twende!"

"Nimekusamehe," akasema, "sijasema narudi. Nimepata kazi kliniki ya hapa. Watoto wameanza kunizoea. Wewe rudi salama, ukipata likizo uje, nyumba ni yako. Na ujipime kila asubuhi."

Mjomba akanywa chai yake. Mama mkwe akaniuliza kama ndege ya kurudi ni kesho.

Kwa hiyo nyinyi wanaume wenzangu wenye midomo, popote mlipo, nisikieni. Ukiwa kwenye mchezo wowote na mke wako, wa pesa, wa shamba, wa karata, na wewe unajua sheria yeye hajui, mwambie! Mwambie kabla hajakuwekea vyake mkononi. Na kama huwezi, basi fanya kama yule pasta, msukume mbali na wewe, utakuwa umempenda zaidi yangu. Ushindi wangu mnautaka? Njooni mchukue, uko hapa kwenye kabati, cheti kimeandikwa kwa Kiingereza na sikisomi.

Bei yake? Nikijumlisha mtamba, mablanketi, nauli za wajomba, teksi kutoka uwanja wa ndege, na tiketi yangu mwenyewe ya kwenda kuombea msamaha, ni shilingi laki mbili, elfu kumi na nne, mia tatu na hamsini.