Gramafoni ya Shangazi Leoleo

Mafundi wa nguo ni waongo. Nasema hivyo na mimi mwenyewe ni fundi, kwa hiyo asininunie mtu. Ukifuata gauni lako unaambiwa limebaki vifungo tu, kumbe kitambaa hata mkasi hakijauona. Shangazi yangu peke yake ndiye hakuwa na tabia hiyo. Ukimpelekea kitambaa asubuhi, mchana umeshavaa. Ndiyo maana mtaa mzima ulimwita Leoleo.

Siri ilikuwa gramafoni aliyoachiwa na marehemu mumewe, ile ya kuzungusha kwa mkono. Ubavuni ilikuwa na kijiti cha chuma cha kupunguza mwendo. Shangazi alikuwa anafunga mlango, anaweka santuri, anaupunguza wimbo mpaka mwimbaji anavuta maneno kama mtu mwenye jino bovu. Hapo nje kila kitu kinasimama. Mwenye baiskeli anabaki katikati ya barabara na wala haanguki. Ndani cherehani inanguruma, gauni linakatwa, linashonwa, linapigwa pasi. Ukizima, nje hata dakika haijapita.

Nilipoanza kumsaidia kazi na kuyaona hayo, nilimuuliza kama si uchawi.

"Wachawi ni hao wanaokula pesa za watu halafu wanasema njoo kesho," alinijibu. "Shika sindano."

Sasa, shangazi ni kitinda mimba kwao, lakini watu walikuwa wanampa shikamoo yeye kwanza, ndipo wanamgeukia baba yangu, kaka yake mkubwa. Mvi kichwa kizima, magoti yanalia. Sisi tulisema ni kazi tu inamchosha. Hakuna aliyekaa akafikiri kwamba zile saa za ndani zilikuwa zinatoka kwenye umri wake. Mimi mwenyewe niliota mvi mapema, nikamsingizia mume wangu.

Aliyeng'amua ni binti yake wa pekee, siku ya harusi yake. Alikuwa anaolewa mbali, na jioni ileile angeondoka na mumewe. Asubuhi hiyo gauni lake lilikuwa na mkono mmoja. Ndiyo, mmoja. Shangazi alikuwa amewashonea wakwe, mawifi, wasindikizaji, hata dereva alipata shati, mwanawe mwenyewe akamweka nyuma ya wote. Gari lilikuwa nje linapiga honi.

"Msihangaike," shangazi akasema, mkono tayari uko kwenye santuri.

Binti akaushika ule mkono. Akautazama kwa muda, mishipa ilivyosimama.

"Mama, mjomba ni mkubwa kwako. Mbona unaonekana mama yake?"

"Kazi hizi, mwanangu."

"Watu wote wa mtaa huu umewapa saa zako. Mimi umenipa magauni."

Shangazi, mwanamke mwenye mdomo kuliko soko zima, akajifanya anatafuta sindano kwa mkono wa pili. Binti akaendelea taratibu tu, bila kugomba. "Leo naondoka. Hata hujaniuliza kama naogopa."

"Na mkono wa gauni je?"

"Nitajitanda mtandio."

Akachagua mwenyewe santuri, akasukuma kijiti mpaka mwisho kabisa, ambako hata sisi hatukuwahi kukifikisha. Akanigeukia. "Dada, tupishe kidogo."

Nikamwambia atazeeka, asicheze na kitu hicho. Akatabasamu. "Acha nizeeke naye."

Nikatoka. Nasema ukweli, niliona wivu. Mama yangu mimi alikufa bila mtu kumsimamishia chochote. Nikavuta mlango, nikageuka nimwambie dereva aache kelele zake. Kabla sijafumbua mdomo, mlango ukafunguka nyuma yangu.

Bibi harusi aliingia akiwa na nywele za saluni, zimenyanyuliwa juu na kupuliziwa dawa mpaka zimekauka. Alitoka zimefumuliwa zote na kusukwa upya, mistari myembamba iliyonyooka, kazi ya mkono wa mama yake. Macho yamewavimba wote wawili. Gauni bado lina mkono mmoja.

Shangazi akaniegemea bega, akaniomba maji ya kunywa. Ilibidi arudie mara mbili ndipo nikamsikia, maana sauti ilikuwa imemkauka kwa kuongea.